Kadi Iliyofutika Mkononi mwa Mwenyewe

Kosa kubwa la uandikishaji wa wapiga kura ulioanza Desemba 2022 halikuwa katika urefu wa mistari wala ukaidi wa mashine, bali katika uamuzi wa CENI, tume ya uchaguzi ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, wa kutoa kadi ambazo nyingi maandishi na picha zake zilififia kabla ya mwaka kwisha, ilhali kila karani wa nchi hii ajua kwamba kadi hiyo, maadamu dola haijatupa kitambulisho cha uraia, ndiyo ithibati ya pekee ya mtu wa kawaida.

Alama za vidole zilichukuliwa, na waliandikwa watu zaidi ya milioni 43.

Walakini, tazameni yaliyotokea dirishani. Mama mmoja wa Birere, mtaa wa Goma, niliyesimama nyuma yake katika afisi ya kupokea fedha, aliitoa kadi yake ndani ya mfuko wa nailoni, karani akaigeuza, akaiinua kwenye mwanga, akasema, "Mama, hapa hakuna sura." Alitumwa komini akaombe cheti cha kupotelewa, na huko, kama alivyotusimulia aliporudi, akaambiwa kwa adabu kamili kwamba kadi haijapotea, kwani ameishika mkononi. Mstari mzima ulicheka, naye akacheka pamoja nasi. Lakini hela aliyotumiwa na mwanawe ilibaki upande wa pili wa dirisha.

Kabla ya kura ya 20 Desemba 2023, CENI ya Bwana Denis Kadima ilitoa duplikata, ikaruhusu pia mwenye kadi isiyosomeka apige kura iwapo jina lake limo katika orodha. Ruhusa hiyo ilifaa katika kituo cha kura tu, kwa kuwa karani wa fedha hana orodha ya wapiga kura.

Nimelisema mara nyingi, wala sitachoka: mwaka 2005 Abbé Apollinaire Malumalu, mwana wa Kivu hii ya Kaskazini, akiongoza tume ya uchaguzi, aliandikisha watu wapatao milioni 25 katika nchi iliyotoka vitani, isiyo na barabara, akawapa kadi iliyovikwa plastiki, nayo raia akaitembeza kila afisi.

Kitambulisho cha uraia kilizinduliwa Kinshasa Juni 2023, na mtu wa Birere hajakipata. Mpaka akipate, CENI isiichague tena kadi kwa kuitazama siku moja ya kura. Na iipime kwanza kwa madirisha yote ambayo mwenye kadi atasimama mbele yake mpaka uchaguzi mwingine.