Mama wa Kambo katika Sinema

Tangu utoto wetu tumezisikia hadithi za mama wa kambo: amnyima mwana chakula, amtwika kazi za punda, na mwisho aaibika. Sinema nazo zilipokea desturi hiyo. Katika Snow White, picha iliyotolewa Marekani mwaka 1937, malkia ataka binti wa mumewe auawe. Na katika Cinderella ya mwaka 1950, yatima afanywa mtumishi katika nyumba ya babaye mwenyewe. Watoto wakatazama, wakaamini.

Basi sinema iitwayo Stepmom, iliyoongozwa na Chris Columbus mwaka 1998, yastahili kupimwa, kwa kuwa yajaribu njia nyingine. Luke na mkewe Jackie wameachana, naye Luke akaa na Isabel, mpiga picha, pasipo ndoa. Watoto wawili, Anna na Ben, hawamtaki mgeni huyu. Siku moja Isabel ashughulika na kazi yake katika bustani kubwa ya New York, na Ben apotea. Hapo hatuonyeshwi ubaya wa moyo, ila uzembe wa mtu asiyezoea kulea. Wahenga walisema kweli: kulea mimba si kazi, kazi ni kulea mwana.

Kisha Jackie augua saratani. Polepole wanawake hawa, waliokuwa wakioneana wivu, watambua ya kuwa wawapenda watoto wale wale. Siku ya Krismasi Isabel ashika kamera apige picha ya jamaa. Jackie amwita aje akae kati yao. Tendo hilo dogo lafundisha kuliko maneno mengi: Isabel hakujitwalia mahali pa mama, bali alipewa na mama mwenyewe.

Lakini ziko kasoro mbili. Kwanza baba, ambaye naye ana sehemu yake katika kuvunjika kwa nyumba ile, aonekana kidogo tu. Machozi na mapatano yote yaachiwa wanawake. Pili, ugomvi wakatwa na ugonjwa. Je, kama Jackie angalipona? Nyumba nyingi hazina mwisho wa namna hiyo. Watu huishi na uchungu wao miaka mingi, tena hawana budi kusameheana kila asubuhi.

Hata hivyo yafaa kutazamwa. Yusufu wa Nazareti alimlea Mtoto asiyemzaa, wala hatusomi kwamba alinung'unika. Basi, ndugu msomaji, utakaposimulia hadithi jioni, na mtoto wa kambo amekaa kati ya wasikilizaji pamoja na mama anayemlea, fikiri kwanza ni hadithi ipi utakayoichagua.