Keisuke Honda: inchi kumi, na mwaka mmoja wa Venlo

Siku ya Mungu iliyopita tulikuwa watu watano kwenye simu moja. Tulikuwa tunafuata safari za mchezaji wa Japani, Keisuke Honda, na mmoja wetu alikuwa anahesabu kwa vidole: Japani, Uholanzi, Urusi, Italia, Meksiko, Australia, Brazili, Azerbaijan, Lituania, Bhutan. Inchi kumi alimovaa jezi ya klabu.

"Huyu njo mfano wetu," akasema wa kwanza. "Kijana wa leo hapaswi kukaa pahali pamoja." Wa pili, aliyesoma sheria, akakataa kabisa: "Mtu anayebadilisha ekipe namna hiyo, ni kusema hakuna anayemutaka." Tulipiga kelele mpaka chaji ikaisha.

Mimi niliwaacha wagombane, lakini nilirudi nyumbani na ile hesabu kichwani. Naona wote wawili walikosea, juu wote wawili walikuwa wanahesabu bendera. Mimi nilisoma kilimo. Kwetu hakuna anayehesabu mara ngapi mche umehamishwa. Tunauliza kama ulizaa. Basi niliamua kuiangalia kazi ya Honda kwa jicho hilo, inchi kwa inchi, na kusema wazi wapi alizaa na wapi alipita tu.

Tuanze na mwanzo. Honda alizaliwa mwaka 1986 Settsu, katika jimbo la Osaka. Akiwa mtoto alicheza katika ekipe ya vijana ya Gamba Osaka, na ulipofika wakati wa kupandishwa katika kundi la wakubwa zaidi, hawakumuchukua. Wengi wetu tunajua ile barua ya "samahani, hatukukuchagua." Yeye alienda mbali na kwao, jimbo la Ishikawa, akasoma na kucheza kwenye shule ya sekondari ya Seiryo, kiisha akaingia Nagoya Grampus mwaka 2005. Mbele ya hayo yote, akimaliza shule ya msingi, alikuwa ameandika insha juu ya ndoto yake: atacheza ligi kuu ya Italia, atavaa namba 10, atapata pesa nyingi. Insha hiyo inajulikana sana kwao Japani. Muiweke akilini, tutairudilia.

Januari 2008 akaenda Uholanzi, katika mji mdogo wa Venlo, ekipe ya VVV. Nusu mwaka haukuisha vizuri: VVV ikashuka daraja. Hapa njo pahali ninapotaka tusimame kidogo. Kijana wa miaka 22, mgeni, amekuja Ulaya kwa kupanda, na ngazi imevunjika chini ya miguu yake. Kila mtu angeelewa kama angeondoka. Alibaki. Akapewa ukapiteni, yeye mgeni wa Asia katika ekipe ya Waholanzi. Msimu wa 2008-2009 katika daraja la pili alifunga goli 16, VVV wakawa mabingwa, wakarudi juu. Wapenzi wa ekipe wakaanza kumuita Keizer Keisuke, yaani Kaisari Keisuke.

Mtu akisoma orodha ya klabu zake, ule mwaka wa daraja la pili unaonekana sawa vile doa. Kwangu mimi ndio mwaka mkubwa kuliko yote. Honda aliyefika Venlo alikuwa mtu wa kutoa pasi nzuri. Honda aliyetoka Venlo alikuwa mtu anayeamua mechi. Hakuna safari iliyomufundisha hilo. Alifundishwa na viwanja vidogo, mvua, na ekipe iliyokuwa imemuwekea mzigo mgongoni kwa mwaka muzima.

Matunda yakafuata haraka. Mwanzo wa 2010 alienda CSKA Moscow. Tarehe 16 Machi 2010, kule Sevilla, alipiga mpira wa adhabu uliomushinda kipa, na CSKA wakashinda 2-1, wakaingia robo fainali ya Ligi ya Mabingwa. Miezi mitatu nyuma ya pale, Kombe la Dunia lilikuwa hapa kwetu Afrika. Tarehe 14 Juni, Bloemfontein, wengi wetu tulikuwa wadogo, tumejaa mbele ya televizyo moja ya mtaa tukiwa nyuma ya Kamerun ya Eto'o. Matsui akatupa mpira toka upande wa kuume, Honda akautuliza peke yake karibu na goli, akafunga. 1-0, basi. Nilimuchukia siku ile. Siku kumi nyuma yake, akaipiga Denmark mpira wa adhabu wa mbali sana, mpira usiozunguka, unaoyumba hewani mpaka kipa hajui aweke mikono wapi. Japani walishinda 3-1.

Na tuseme ukweli: Afrika tunamujua vizuri. Alifunga goli nne katika Makombe ya Dunia matatu, na tatu kati ya hizo aliwafunga ndugu zetu: Kamerun 2010, Côte d'Ivoire 2014, Senegali 2018. Mwaka 2011 alishinda Kombe la Asia kule Qatar na akachaguliwa mchezaji bora wa mashindano. Moscow alikaa miaka minne, akapitia ubovu wa goti, akapata ubingwa wa Urusi wa 2012-2013. Huu ni mti uliokomaa. Mpaka hapa sina neno baya.

Neno langu linaanza Milano.

Januari 2014 ile insha ya mtoto ilitimia: AC Milan, ligi kuu ya Italia, namba 10. Kila kitu alichoandika kilikuja. Mechi yake ya kwanza, Sassuolo wakafunga Milan 4-3. Honda akaingia kipindi cha pili, mpira wake ukagonga mlingoti. Kesho yake antrenere Allegri akafukuzwa. Nyuma yake wakaja Seedorf, Inzaghi, Mihajlović, Brocchi, Montella. Antrenere sita katika miaka mitatu na nusu! Honda alianza msimu wa 2014-2015 na goli sita kwa haraka, kiisha zikakauka. Mara nyingi aliwekwa upande wa kuume, mbali na katikati anapojua kazi. Oktoba 2015, Milan walipofungwa 4-0 na Napoli, alisema hadharani kwamba klabu yenyewe inapaswa kubadilika. Hakuwa amedanganya. Lakini mwisho wa hesabu, kombe moja tu: Supercoppa ya Disemba 2016, kwa penalti mbele ya Juventus.

Wengi wanasema Milan ilimuharibu. Mimi nasema kosa la kwanza lilikuwa ndani ya insha. Musome tena ile ndoto: ligi fulani, namba fulani, pesa fulani. Ni orodha ya vitu vya kupata. Hakuna mstari mmoja unaosema atafanya nini akishavaa ile namba. Venlo hakukuwa ndoto, kulikuwa kazi, na alijua kila asubuhi anaamkia nini. Milano alifika mwisho wa ndoto siku ya kuonyesha jezi, na nyuma ya pale ndoto haikuwa na la kumuambia.

Tangu 2017 mwendo ukawa mwingine. Pachuca ya Meksiko, mwaka mmoja. Melbourne Victory, mwaka mmoja. Katikati ya hizo mbili, Kombe la Dunia la Urusi na ile mechi ya Ubelgiji. 2-2, dakika za nyongeza zinakaribia kuisha, Japani wanapata kona. Honda aliweza kuupooza mchezo na kungoja dakika thelathini zingine. Aliutupa moja kwa moja ndani, Courtois akaudaka, na kwa sekunde chache Chadli alikuwa amefunga upande wa pili. 3-2. Ilikuwa mechi yake ya mwisho na taifa. Simulaumu peke yake kwa goli lile, wengine walikuwa na miguu ya kukimbia nyuma. Lakini niliona pale mtu ambaye hawezi tena kungoja.

Mwisho wa 2019 alirudi Uholanzi, Vitesse, kwa antrenere wake wa zamani wa Moscow, Slutsky. Slutsky akaacha kazi, Honda naye akaondoka nyuma ya mechi chache tu. Mwaka 2020 Botafogo ya Rio de Janeiro ilimupokea kwa kelele na furaha, watu wamejaa. Ikaja korona, viwanja vikabaki tupu, ekipe ikaanza kuzama. Disemba, mbele ya msimu kuisha, Honda akaaga. Februari 2021 Botafogo ilimaliza ya mwisho, ikashuka daraja.

Sasa muweke Venlo na Botafogo pembeni-pembeni. Ekipe mbili zinazama. Katika ya kwanza kijana wa miaka 22 alibaki, akaibeba. Katika ya pili mwanaume wa miaka 34, mwenye jina, aliondoka. Najua, mwili ulikuwa umechoka na ule mwaka ulikuwa mgumu kwa dunia muzima. Lakini wapenzi wa Botafogo walikuwa na haki ya kuumia. Nyuma yake ikaja Neftçi ya Baku, akapata medali ya ubingwa kwa miezi michache ya kazi. Sūduva ya Lituania, miezi michache tena. Na mwaka 2024 Paro FC ya Bhutan, kwa mechi moja ya mashindano ya Asia. Hata jina la kampuni yake, Soltilo, lilifika karibu na sisi, Uganda, likabandikwa mbele ya jina la klabu ya Bright Stars. Bendera zinaongezeka. Ukiniuliza ni mche gani ulishika mizizi, ninanyamaza.

Isipokuwa mmoja, na haumo katika zile inchi kumi.

Agosti 2018, akiwa bado mchezaji Melbourne, Honda alikubali kuongoza ekipe ya taifa ya Kamboja. Hakuwa na diploma ya uantrenere. Kwenye karatasi, antrenere alikuwa mwenzake, Félix Dalmás. Hapa najua mutacheka: sisi tuko na lisansi bila kazi, yeye alikuwa na kazi bila lisansi! Kazi yenyewe haikuwa ya kuchekesha. Oktoba 2019, kule Teheran, Iran waliwafunga goli 14-0. Kumi na nne. Antrenere wengi wangekuwa wamekata tiketi usiku uleule. Yeye alibaki, mpaka Mei 2023, karibu miaka mitano. Disemba 2022 Kamboja waliifunga Philippines 3-2 katika kombe la inchi za kusini-mashariki mwa Asia. Mwaka uliofuata, katika michezo iliyofanyika kwao Phnom Penh, vijana wake hawakutoka katika kundi, na akaaga.

Hakuna kombe pale. Lakini hakuna pahali katika maisha yake ya mpira wa wakubwa, hata CSKA, alipokaa muda mrefu kuliko Kamboja. Alikuta ekipe inayofungwa, akakaa mpaka ikajua kufunga wengine mara mojamoja. Kwangu mimi hiyo inashinda medali ya Baku.

Hukumu yangu ni hii: Honda ni mchezaji mkubwa aliyejengwa na mwaka ambao hakusafiri, na aliyepunguzwa na miaka aliyosafiri bila kungoja. Rafiki yangu wa kwanza akitaka kumufuata, amufuate Venlo na Phnom Penh. Na yule wa sheria, ajue kwamba mtu aliyekataliwa na Gamba alifika Milano. Kutakwa hakukuwa shida yake.

Kwa nini haya yananigusa? Juu mimi pia niko na orodha. Tangu nimalize iniversite nimefanya kontra nne, wilaya nne tofauti, na nilikuwa nazitaja kwa majivuno. Moja ilikuwa ya mihogo. Tuligawa vipande vya mbegu safi zisizo na ugonjwa wa majani, tukafundisha watu nafasi ya kupanda. Muhogo unaomba miezi 12 na zaidi. Kontra yangu ilikuwa ya miezi 6. Siku ya kuaga, mama mmoja aliniuliza: "Mwanangu, sasa wakati wa kungoa, nani atakuja kuona?" Nilimujibu maneno ya ripoti. Alinyamaza, akanipa ndizi za njiani.

Wiki hii nilikuwa naandika CV upya, kuko kontra ingine ya miezi mitatu inaniita, mbali, na pesa kidogo zaidi. Pembeni ya kila kazi ya zamani, kwa kalamu, niliandika kama niliondoka mbele ya mavuno ao nyuma ya mavuno. Katika kontra nne, "mbele" imetokea mara tatu. Bado sijatuma ile CV.