Farasi, Kiti na Kamera: Uhakiki wa Filamu ya Maya Deren kuhusu Vodou ya Haiti

Maya Deren alikwenda Haiti mwaka 1947, kwa ufadhili wa Guggenheim, akinuia kutengeneza filamu ya majaribio kuhusu uchezaji ngoma. Hakuikamilisha. Alipiga picha katika safari kadhaa hadi mwaka 1954, akachapisha kitabu mwaka 1953, na alipofariki mwaka 1961 mikanda ilikuwa bado haijahaririwa. Filamu ya Divine Horsemen inayotazamwa leo ilihaririwa na Teiji Ito, aliyekuwa mumewe, pamoja na Cherel Winett Ito. Swali la kwanza la mhakiki basi ni hili: filamu hii ni ya nani?

Jibu limo katika sauti ya msimulizi. Maneno yake yametokana na kitabu, nayo humtambulisha kila lwa kwa jina na tabia zake. Mtazamaji mgeni husaidika, lakini kile ambacho picha zimekiacha wazi hufungwa. Deren mwenyewe alikiri kitabuni kwamba alianza kama msanii na kuishia kurekodi kwa unyenyekevu jambo ambalo sanaa yake haikuweza kulitawala. Mpangilio alioukataa yeye, wahariri wameurudisha.

Hata hivyo, picha zenyewe zina uzito. Katika Ritual in Transfigured Time (1946), Deren aliwagandisha wachezaji kwa mbinu za uhariri. Haiti, mwili husita wenyewe kabla lwa hajaushika, na kamera, ikiwa miongoni mwa wachezaji, huusubiri.

Istilahi za Kiswahili zinaangaza jambo moja zaidi. Wahaiti humwita aliyepagawa farasi. Ndivyo wafanyavyo pia waumini wa Umbanda nchini Brazili, dini ambayo jina lake katika Kikimbundu lina maana ya uganga. Waswahili nao husema pepo amempanda mtu kichwani, ila mtu huyo humwita kiti. Farasi hukimbia, kiti hukaliwa, na aliyekikalia huulizwa jina lake na anachokitaka. Mazungumzo hayo ndiyo kiini cha kupunga pepo, na ndiyo yanayokosekana hapa. Deren alirekodi sauti kwa chombo kilichokuwa mbali na kamera. Kwa hiyo lwa anapofungua kinywa, kinachosikika ni ngoma, nyimbo na msimulizi.