Anayetia Sahihi

Jioni katika mtaa wa Pipeline, Nairobi, huja na kelele zake: makanga wakiita abiria, mahamri yakikaangwa chini ya maghorofa yaliyosongamana hadi jua likakosa pa kupita, na maduka ya muvi yenye spika mlangoni. Humo filamu za Marekani huuzwa kwa flashi, nyingine zikiwa na maelezo ya msimulizi DJ Afro. Filamu za Nairobi kuhusu Wanairobi ni haba, na chache kati ya hizo ni kosa la jinai kuziuza.

Hizo chache zina fundi ambaye mtazamaji hamjui. Mwelekezi hupigiwa makofi. Mtayarishaji husaka pesa, huomba leseni, hutia sahihi. Serikali ikikasirika, sahihi hiyo ndiyo inayosomwa kwanza.

Mtayarishaji George Gachara aliyaona hayo. Mwaka 2014 yeye na wenzake wa kundi la The Nest walitoa Stories of Our Lives, visa vitano visivyo na rangi vilivyoongozwa na Jim Chuchu, kutokana na simulizi za kweli za Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao. Tamasha la filamu la Toronto liliionyesha Septemba. Oktoba, Bodi ya Uainishaji wa Filamu ikaipiga marufuku, na Gachara akatiwa mbaroni chini ya sheria ya filamu iliyotungwa kabla ya uhuru. Mashtaka yaliondolewa baadaye, ila marufuku ikabaki. Mwaka 2015 filamu ikatuzwa katika tamasha la Berlin.

Filamu ya Rafiki ya Wanuri Kahiu nayo ilipopigwa marufuku mwaka 2018, Mahakama Kuu iliifungulia siku 7. Foleni zilijaa kwenye sinema ya Prestige, Ngong Road. Kwa mkazi wa Pipeline, huko ni matatu mbili kwenda na mbili kurudi, juu yake tiketi.

Toni Kamau ameifanya kazi ya utayarishaji kwa subira. Filamu ya Softie ya Sam Soko, aliyoitayarisha, inamwandama mwanaharakati Boniface Mwangi hadi kinyang'anyiro cha ubunge wa Starehe mwaka 2017, bila kuficha bei ambayo mkewe na watoto walilipa. Ilituzwa kwa uhariri katika tamasha la Sundance mwaka 2020. I Am Samuel ya Peter Murimi, aliyoitayarisha pia, ilichukua miaka 5 pamoja na kijana wa mjengo, mwana wa mhubiri wa kijijini, na mwanamume ampendaye. Mtayarishaji wa filamu kama hiyo hapimi mwanga na sauti tu. Hana budi kujua mhusika wake atalala wapi uso wake ukishaonekana na watu wote.

Bodi iliipiga marufuku I Am Samuel Septemba 2021. Kamau hakuhamia mada laini: mwaka 2024 alirudi Sundance na The Battle for Laikipia, kuhusu wafugaji, wenye ranchi na ardhi, jambo ambalo nchini Kenya limemwaga damu tangu ukoloni.