Mzaha Unaotunga Usaha: Safari ya Alice Lowe kutoka kichekesho kifupi hadi filamu

1. Utangulizi

Wahenga walisema kwamba mzaha mzaha hutunga usaha. Methali hiyo humwonya mtu anayecheza na jambo ambalo mwisho wake si mchezo. Yafaa pia kuwa ufunguo wa kuzifungulia kazi za Alice Lowe, mwigizaji, mwandishi na mwongozaji wa Uingereza, aliyezaliwa mwaka 1977 katika mji wa Coventry. Kwa muda wa zaidi ya miaka ishirini msanii huyu ametoka kwenye vichekesho vifupi vya jukwaani na vya televisheni, akafikia filamu ndefu anazoziandika, kuziongoza na kuziigiza mwenyewe, nje ya makampuni makubwa ya sinema. Wahakiki wengine huieleza safari hiyo kama kupanda ngazi: msanii ameacha jambo dogo, ameshika jambo kubwa. Makala haya yanapinga maelezo hayo. Hoja yake ni kwamba Lowe aliingia katika filamu akiwa amekibeba kichekesho kifupi kama kilivyo, ila alikinyima mlango wa kutokea.

Ili hoja hiyo ieleweke, yapasa kwanza kutazama umbo la kichekesho kifupi. Huu ni mchezo wa dakika chache. Mhusika wake ana tabia moja iliyotiwa chumvi: ubahili, wivu, au ujuaji wa kila jambo. Anaingia, anafanya kituko, watazamaji wanavunjika mbavu, taa zinazimwa. Mhusika huyo hana jana wala kesho. Akimpiga mwenzake rungu la kichwa, hakuna mazishi, hakuna polisi, hakuna mjane. Kicheko cha mtazamaji kinategemea msamaha huo. Je, itakuwaje taa zikikataa kuzimika? Kazi zote kubwa za Lowe ni majaribio ya kulijibu swali hilo.

2. Mwanamke asiyeulizwa neno

Baada ya masomo yake katika Chuo Kikuu cha Cambridge, Lowe alishirikiana na Matthew Holness na Richard Ayoade katika michezo ya jukwaani iliyowadhihaki waandishi wa hadithi za kutisha. Mchezo wao Garth Marenghi's Netherhead ulipata tuzo ya Perrier mjini Edinburgh mwaka 2001. Kutokana na michezo hiyo ukazaliwa mfululizo wa televisheni, Garth Marenghi's Darkplace, ulioonyeshwa na Channel 4 mwaka 2004 katika vipindi sita.

Muundo wa mfululizo huo ni wa tabaka mbili. Mtazamaji anaambiwa kwamba anaonyeshwa tamthilia ya zamani, ya miaka ya 1980, inayohusu hospitali iliyoingiliwa na mashetani. Katikati ya matukio, wasanii waliocheza humo wanahojiwa kuhusu kazi yao. Lowe anamwigiza Madeleine Wool, naye Wool anamwigiza daktari Liz Asher. Yeyote atakayeyafuatilia mahojiano hayo atatambua jambo moja: wanaozungumza ni wanaume watatu. Wool hayupo. Inasemekana kwamba alitoweka, na yaelekea amekwisha kufa. Kwa hiyo mwanamke wa pekee kati ya wahusika wakuu anaonekana na kusifiwa uzuri, lakini haulizwi neno lolote juu ya kazi yake. Katika kipindi cha pili Liz anapata nguvu ya kusogeza vitu kwa akili, na hasira yake inaivuruga hospitali nzima. Kejeli hapo inamlenga mtunzi wa kubuniwa, Marenghi, ambaye katika kalamu yake mwanamke ama ni pambo ama ni balaa.

Kazi hii ilihitaji ustadi wa pekee, yaani kuigiza vibaya kwa makusudi bila kumfanya mhusika kuwa mjinga. Lakini funzo lake kubwa kwa maendeleo ya Lowe ni lile pengo katika mahojiano. Mwaka 2008 alishiriki katika Beehive, vichekesho vifupi vilivyoigizwa na wanawake wanne. Filamu zilizofuata zinaweza kusomwa kama maneno ambayo Wool hakupewa nafasi ya kuyasema.

3. Sightseers (2012): kicheko kinachoendelea na safari

Chris na Tina, wahusika wakuu wa Sightseers, walibuniwa na Lowe pamoja na Steve Oram kwa ajili ya vichekesho. Wazo hilo lilipopelekwa kwenye televisheni lilikataliwa kwa kuonekana la giza mno. Edgar Wright, ambaye Lowe alikuwa amecheza katika filamu yake Hot Fuzz (2007), aliliunga mkono. Ben Wheatley akaiongoza filamu, nayo ikaonyeshwa Cannes mwaka 2012 katika Quinzaine des Réalisateurs.

Tina ni mtu mzima ambaye bado anaishi chini ya amri ya mama yake. Anaondoka na Chris, mpenzi wake mpya, katika gari linalovuta nyumba ndogo ya magurudumu. Wanazuru mahali pa kawaida kabisa: makumbusho ya tramu huko Crich na makumbusho ya penseli huko Keswick. Huko Crich mgeni mmoja anatupa takataka ovyo, na muda mfupi baadaye Chris anamkanyaga kwa gari. Kwa kipimo cha kichekesho kifupi, hapo ndipo taa zingezimwa. Badala yake safari inaendelea, na mtazamaji aliyecheka analazimika kusafiri pamoja na wauaji.

Undani wa filamu umo katika tofauti kati ya wapenzi hao. Chris ana sababu kwa kila kifo: huyu hakuwa na adabu, yule alijivuna. Tena anajigamba kwamba ataandika kitabu, na kwamba Tina ndiye atakayempa msukumo. Tina anajifunza kuua haraka kuliko kuandika kwa Chris, wala hajishughulishi na sababu. Jambo hilo linamkera Chris, kwani linaufichua uongo wake: maadili aliyoyataja yalikuwa vazi tu la hasira. Mwishoni, juu ya daraja la reli la Ribblehead, wawili hao wamekubaliana kuruka pamoja wakiwa wameshikana mikono. Tina anauachia mkono. Chris anaanguka peke yake. Mwanamke aliyekusudiwa kuwa pambo la kitabu cha mwingine anabaki juu, akiwa ndiye mwenye hadithi.

4. Prevenge (2016): mimba kama muundo

Katika Prevenge Lowe alishika kazi tatu kwa mara moja: kuandika, kuongoza na kuigiza. Filamu ilipigwa kwa siku 11 tu, hasa mjini Cardiff, mwongozaji akiwa na mimba ya zaidi ya miezi saba. Mimba ambayo, kwa desturi ya kazi hiyo, humwondoa mwigizaji mbele ya kamera, ndiyo iliyofanywa msingi wa filamu. Mficha uchi hazai.

Ruth, mjamzito, amefiwa na mpenzi wake katika ajali ya kupanda majabali, baada ya kamba kukatwa ili wengine waokoke. Sauti ya mtoto aliye tumboni inamwamuru kuwaua mmoja mmoja wote waliokuwako. Kila mauaji ni kichekesho kifupi kilichokamilika: mwenye duka la wanyama anayesema maneno ya aibu, mpiga muziki wa kilabu anayejiona kijana, na mkuu wa kazi anayemweleza Ruth kwamba mjamzito ni mzigo kwa kampuni. Kwa sababu hiyo yaweza kudaiwa kwamba filamu haina mshikamano, kwamba ni shanga zisizo na uzi. Dai hilo halioni kwamba uzi upo, nao ni mwili wenyewe. Katika kila onyesho tumbo liko pale pale, likiusukuma wakati mbele kuelekea siku ambayo haiwezi kuahirishwa. Mchekeshaji wa kawaida huvua sura ya mhusika wake na kuvaa nyingine. Ruth hubadilisha nguo na jina, lakini mimba haivuliki.

Sauti ya mtoto inatolewa na Lowe mwenyewe, kwa mtindo wa mchekeshaji anayeigiza watu wawili. Mbinu hiyo inabeba maana nzito. Mtoto anapozaliwa, anaonekana kuwa mtoto kama watoto wengine, hana sauti ya kuamuru. Hivyo lawama inarudi kwa mama, na pamoja nayo msiba ambao hakupata kuulia. Usaha umetumbuka. Mtazamaji anatambua kwamba muda wote alikuwa akicheka mbele ya mfiwa.

5. Timestalker (2024) na kasoro zake

Miaka minane ilipita kabla ya filamu ya pili aliyoiongoza. Urefu wa kipindi hicho unafaa kukumbukwa na wanaousifu uhuru wa msanii asiyetegemea makampuni makubwa: uhuru huo hulipiwa kwa kungoja. Katika Timestalker, Agnes anazaliwa upya zama baada ya zama: Scotland mwaka 1688, Uingereza mwaka 1793, New York ya miaka ya 1980. Kila mara anampenda mwanamume yule yule, na kila mara anakufa kwa ajili yake, ilhali mwanamume hamjui. Huyu ni mhusika wa kichekesho katika hali yake halisi, mtu wa tabia moja asiyejifunza. Jipya ni kwamba sasa hata kifo hakizimi taa.

Ni lazima kukiri kwamba ubunifu huo haukufanikiwa sawasawa na ule wa 2016. Marudio yanayochekesha mara ya kwanza na ya pili yanachosha baadaye, na mavazi ya kila zama wakati mwingine yanachukua nafasi ya mawazo. Katika Prevenge mtazamaji alijua kwamba siku ya kuzaa inakuja. Katika Timestalker hakuna kinachoshurutisha mwisho. Hata hivyo kasoro hiyo inaithibitisha hoja: nguvu ya Lowe hutokea pale kichekesho kinapofungwa ndani ya wakati usiorudi nyuma.

6. Hitimisho

Wanafunzi wa fasihi huzoea kuipa tanzia heshima na kukiacha kichekesho kiwe burudani ya baada ya kazi. Kazi za Alice Lowe zinaonyesha kwamba umbali kati ya viwili hivyo hupimwa kwa muda: mhusika akiondolewa mapema ni kichekesho, akiachwa abaki mpaka madeni yake yadaiwe ni msiba. Kutoka kwa mwigizaji asiyehojiwa wa Darkplace hadi mjamzito anayejitolea amri kwa sauti yake mwenyewe, swali limekuwa lile lile: ni nani anayeruhusiwa kubaki jukwaani baada ya watu kumaliza kucheka?