Mzaha Mbele ya Jaji

Mzaha hauwezi kupimwa kwa maneno yake peke yake. Yapasa kutazama nani ausema, nani auchekea, na nani hana ruhusa ya kuujibu. Mahakamani kipimo hiki ni cha lazima, kwa kuwa huko hata ulimi una cheo.

Mahakama ya Juu ya Marekani yafaa kuwa mfano, maana hoja zinazosemwa mbele yake zimehifadhiwa kwa sauti tangu mwaka 1955, na katika maandishi yake kicheko huwekwa ndani ya mabano kama katika tamthilia. Tarehe 13 Desemba 1971, katika shauri la Roe v. Wade, Jay Floyd alisimama kuitetea sheria ya Texas juu ya utoaji wa mimba. Waliompinga walikuwa mawakili wanawake, Sarah Weddington na Linda Coffee. Floyd alifungua kwa mzaha wa kale: kwamba mwanamume akibishana na wanawake wawili wazuri, neno la mwisho huwa lao. Hapakuwa na kicheko. Majaji walinyamaza kimya.

Tarehe 1 Novemba 1978 mambo yaligeuka. Katika shauri la Duren v. Missouri, Ruth Bader Ginsburg aliipinga sheria iliyowapa wanawake ruhusa ya kujitoa katika juri kwa sababu tu ni wanawake. Alipokuwa akimaliza, Jaji William Rehnquist alimwuliza kama hataridhika na sura ya Susan B. Anthony, aliyepigania kura ya wanawake, kutiwa katika sarafu mpya ya dola. Ginsburg alieleza baadaye kwamba jibu lilimjia: neno moja la Kiingereza lenye maana ya kisarafu kisicho fedha halisi, na pia ya kitu kidogo kitolewacho ili kumtuliza mdai. Lilikuwa jibu kali kuliko swali. Alilimeza.

Mizaha yote miwili iliwahusu wanawake, na wala hakuna uliokuwa mzuri. Wa wakili ulianguka kwa sababu aliazima uhuru asiokuwa nao; wa jaji ulisimama kwa sababu hakuna aliyeweza kuuangusha. Mwongozo wa mahakama hiyo huwaonya mawakili kwamba kujaribu kuchekesha mara nyingi hakufaulu. Nao wataalamu Tonja Jacobi na Matthew Sag, waliochunguza vicheko zaidi ya 9,000 vya miaka ya 1955 hadi 2017, walionyesha mwaka 2019 kwamba majaji huwaelekezea mizaha zaidi mawakili wasioafikiana nao na wale wageni wa mahakama.

Wako wasemao kwamba kicheko hupunguza ukali wa mahakama na kuwakaribisha watu pamoja. Hoja hii ingekuwa kweli kama mzaha huo ungekuwa utani. Mzaramo humtania Mnyamwezi, na Mnyamwezi humrudishia, hata matangani, na hapana akasirikaye. Haki ya kujibu ndiyo roho ya utani. Mahakamani haki hiyo haipo. Wakili hucheka kwa hekima ya wahenga: mkono usioweza kuukata, ubusu.

Isidhaniwe kwamba mzaha huamua mashauri. Januari 1979 Ginsburg alishinda kwa majaji wanane dhidi ya mmoja, naye huyo mmoja alikuwa Rehnquist. Lakini mteja wake, Billy Duren, alikuwa amehukumiwa kwa mauaji na unyang'anyi, na siku ile hatima yake ilikuwa imeshikwa na wale wale waliokuwa wakiizungumza sarafu. Wakili aweza kumeza jibu lake na kwenda nyumbani. Mfungwa hana hata jibu la kumeza. Basi mhakiki wa mzaha wa mahakamani asianze kwa kuuliza kama ulichekesha, bali aulize ni nani alikuwa akingojea wakati wengine wakicheka.