Ongeza Fedha, Uone Kama Filamu Itaharibika

Herufi B katika filamu za B imewapotosha watazamaji wengi, kwa sababu inasomeka kama alama ya mwalimu kwenye daftari: A amefaulu vizuri, B amejikongoja. Katika Hollywood ya miaka ya 1930 herufi hiyo ilitaja nafasi ya filamu kwenye ratiba ya ukumbi. Mdororo mkuu wa uchumi ulipowapunguza watazamaji, wenye majumba ya sinema waliwavuta kwa kuonyesha filamu mbili kwa tiketi moja. Filamu kuu ilikodishwa kwa asilimia ya mapato ya mlangoni. Ile ya kusindikiza ilikodishwa kwa bei moja, ukumbi ujae au ubaki mtupu, na hiyo ndiyo B. Studio ilijua mapema itapata kiasi gani, kwa hiyo faida ilitoka sehemu moja tu: kutumia kidogo. Anayetaka kuzipima filamu hizi aanzie hapo. Ubora haukumwongezea mtayarishaji hata senti, na pale unapoonekana, kuna mtu aliyejisumbua kuuweka.

Watu wengi huzipima kwa vipimo viwili, na vyote vina kasoro. Wengine hutazama jinsi filamu ilivyoweza kuuficha umaskini wake, kana kwamba sifa ya juu kabisa ni kudhaniwa A. Wengine huufurahia umaskini wenyewe, wakicheka ukuta unaotikisika mlango ukifungwa. Kipimo ninachopendekeza ni kingine. Tafuta mahali ambapo upungufu unaonekana, kisha akilini mwako ongeza fedha: seti kubwa zaidi, watu wengi zaidi, mnyama halisi, siku kumi zaidi za kazi. Filamu ikiwa bora, ulichokiona kilikuwa upungufu tu. Ikiharibika, hapo pana ufundi.

Chukua Cat People, iliyotolewa na studio ya RKO mwaka 1942. Mtayarishaji wake, Val Lewton, alipewa masharti: bajeti isizidi dola 150,000, muda usizidi dakika 75, na jina la filamu lichaguliwe na wakubwa. Jina likatangulia, hadithi ikatafutwa baadaye. Inamhusu Irena, mwanamke kutoka Serbia anayeishi New York, ambaye anaamini kwamba wivu ukimpanda atageuka chui. Usiku mmoja Alice, anayefanya kazi na mume wa Irena, anatembea peke yake kando ya ukuta wa bustani. Taa za barabarani zimeachana, hivyo anaingia kwenye mwanga, anapotelea gizani, anatokea tena. Nyuma yake visigino vya Irena vinagonga lami. Kisha hatua za nyuma zinakatika, zinabaki za Alice tu. Anaharakisha, anageuka, hakuna mtu. Ghafla sauti kali kama ya mnyama inachana ukimya, na basi linaingia kwenye picha kutoka pembeni; zilikuwa breki zake. Alice anapanda huku matawi juu ya ukuta yakitikisika.

Hesabu vilivyotumika: ukuta, nguzo chache za taa, viatu vya wanawake wawili, basi moja. Sasa leta chui na umwonyeshe akiruka ukuta. Mtazamaji angeujua ukubwa wake, na kitu chenye ukubwa unaojulikana mtu anaweza kukipimia mbio zake. Tena hadithi yenyewe ingevunjika, maana Irena anapelekwa kwa daktari wa akili, na hadi karibu na mwisho hatujui kama ni mgonjwa au amelaaniwa. Chui akionekana barabarani, swali limejibiwa kabla ya wakati. Mwongozaji Jacques Tourneur alilielewa hilo. Wakubwa wa studio waliposhinikiza mnyama aonekane katika tukio la ofisini, alimweka ndani ya vivuli kiasi kwamba jicho linamwona na kumtilia shaka papo hapo. Mwaka 1982 Paul Schrader aliirudia hadithi hiyo kwa bajeti kubwa mara nyingi zaidi, na mwili wa mtu unageuka mnyama mbele ya macho yetu. Ni kazi ya kiufundi iliyotengenezwa kwa makini, lakini shaka haipo tena, na ilikuwa shaka iliyotutisha.

Kipimo hiki hakihusu vitisho peke yake. Katika Gun Crazy ya Joseph H. Lewis, iliyotoka mwaka 1950, mwanamume na mwanamke wanakwenda kuibia benki, na kamera imekaa kiti cha nyuma cha gari lao. Tunaingia nao mjini, tunawasikia wakihangaikia pa kuegesha, mwanamume anashuka, nasi tunabaki na mwanamke. Polisi anafika, mwanamke anashuka kumpigisha soga. Yote hayo yanakwenda kwa dakika zaidi ya tatu bila picha kukatwa, na ndani ya benki hatuingii kamwe. Fedha zingetupeleka ndani, kwa karani anayetetemeka na noti zinazojazwa mfukoni, yaani mambo tuliyokwisha kuyaona mara mia. Kwa kunyimwa ndani tunasubiri kama wanavyosubiri washirika wa wizi, tukimwangalia polisi na mlango kwa zamu.

Mpinzani atasema: huu ni ulazima unaopambwa kuwa sanaa. Hawakuchagua giza, hawakuwa na fedha za taa. Hoja hiyo ina uzito, lakini inashindwa kueleza tofauti. Monogram, PRC na studio nyingine ndogo za Hollywood zilitoa filamu nyingi mno katika hali ileile ya upungufu, na nyingi kati yake ni watu watatu wamesimama kwenye chumba chenye mwanga sawa kila kona, wakisimuliana jambo ambalo hatukuonyeshwa. Upungufu ukigawiwa wote na ufundi ukaonekana kwa wachache, upungufu hauwezi kuwa chanzo cha ufundi. Ulitoa swali tu. Jibu lilitoka kwa mtu.

Pingamizi la pili ni kali zaidi: kwamba mpenzi wa filamu hizi huona makusudi hata kwenye ajali. Detour ya Edgar G. Ulmer, iliyotolewa na PRC mwaka 1945, inatufaa hapa kwa kuwa ina vyote viwili. Wapenzi wanatembea New York katika ukungu mzito unaofunika kila kitu isipokuwa vibao vya mitaa. Mtaa wenyewe haukuwapo. Lakini anayetusimulia ni Al, mtu anayekumbuka kwa namna inayomtetea, na ukungu ule unafanana na ushahidi wake. Jenga mtaa kamili, na utakuwa umemwamini kuliko anavyostahili. Katika filamu hiyohiyo, baadhi ya picha za Al akiomba lifti zimegeuzwa kushoto-kulia, na dereva wa Marekani anaonekana ameketi upande wa kulia. Wapo wanaoisifu hata hiyo kwa kuiita hali ya ndoto. Nakataa. Irekebishe, na filamu haipotezi chochote. Kosa ni kosa, na kipimo kisichoweza kulikamata si kipimo.

Kwa sababu hiyo naliweka kando kundi la filamu zinazopendwa kwa ubovu wake, mfano Plan 9 from Outer Space ya Ed Wood, iliyotengenezwa miaka ya 1950. Kwanza si B kwa maana halisi: mwaka 1948 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi dhidi ya Paramount na wenzake, studio zikalazimika kuachana na majumba yao ya sinema, na mfumo uliokuwa ukizilisha filamu za B ukaanza kubomoka. Pili, ongeza fedha pale: mawe ya makaburi yataacha kuyumba, na kitakachopotea ni kicheko chetu tu. Kucheka si dhambi, ila tusikiite kicheko hukumu.

Basi ukikaa mbele ya filamu ya B, ipe dakika kumi za kwanza na usihesabu vilivyokosekana. Sikiliza sauti, maana ilikuwa rahisi kuliko seti na fundi mzuri aliitegemea. Angalia kilichoazimwa kinafanya kazi gani: ngazi za jengo la Irena zilitoka kwenye seti ya The Magnificent Ambersons ya Orson Welles, na fahari yake inamfanya mpangaji yule aonekane mpweke zaidi. Kisha uliza swali moja kwa kila tukio: fedha zingeliponya au zingeliua? Filamu yenye matukio mawili tu ya aina ya pili inastahili kutazamwa hadi mwisho, hata kama mengine yote ni ya kubahatisha.